KUPATANA WAKATI WA RUFAA SI KUUZA KESI



Kuna neno linalozunguka katika tawi letu, nalo si neno zuri. Lasemwa katika karakana, lasemwa katika nyumba za reli, na jioni lasemwa tena penye chai: ya kwamba wale ndugu zetu kumi na mmoja wa gengi, waliopatana na tajiri wao wakati kesi yao ilipokuwa katika rufaa, "waliuza kesi." Wengine waongeza kwamba chama kilikula kitu. Sisi tuliokuwa karibu na jambo hilo tangu siku ya kwanza hatuwezi kunyamaza. Leo ni wao, kesho atakuwa mwanachama mwingine, naye ataogopa kupatana hata mahali panapofaa, kwa kuogopa midomo ya watu tu.

Sisi si mawakili. Masomo yetu ni ya shule ya msingi ya misheni, na kazi yetu ni reli. Lakini tumekaa kwenye mabenchi ya korti siku nyingi kuliko tulivyopenda, na mtu akikaa mahali siku nyingi hujifunza.

Kwanza habari yenyewe, maana wengi wasemao hawaijui.

Ndugu hao hawakuandikwa na reli. Waliandikwa na kampuni moja ya kandarasi iliyopewa kazi ya kutengeneza njia: kubadilisha mataruma, kujaza kokoto, kukata majani, kuzibua mitaro. Wote mwaujua mtindo huu. Mtu ashika sururu kwenye reli ile ile aliyoishika baba yake, katika jua lile lile, lakini barua yake ya kazi yatoka kwa mtu asiyemjua hata kwa sura. Walifanya kazi miaka minne. Asubuhi moja wakakuta vifaa vyote vimepakiwa katika lori, na nyapara wao akaambiwa awaambie wenzake warudi nyumbani, kazi imekwisha. Hapakuwa na notisi, wala kuitwa na kuelezwa sababu, wala cheti cha kazi. Na juma lile lile watu wapya walionekana wakifanya kazi hiyo hiyo mahali pale pale.

Chama kiliwapeleka kortini. Sheria ya Ajira ya 2007 yasema mfanyakazi asiachishwe kazi pasipo sababu ya haki na pasipo utaratibu wa haki, na korti yaweza kumpa fidia isiyozidi mshahara wa miezi 12. Jaji wa Korti ya Ajira na Mahusiano ya Kazi aliwasikiliza, akasema walionewa. Kila mmoja alipewa fidia ya mshahara wa miezi 8, na mwezi mmoja wa notisi. Mshahara wao ulikuwa Sh. 18,000 kwa mwezi. Hesabu yake ni Sh. 162,000 kwa kila mtu, na kwa watu kumi na mmoja ni Sh. 1,782,000. Siku ile tulitoka kortini tukiimba. Wengine walikwenda kukopa dukani usiku ule ule kwa kutegemea hukumu.

Haikupita majuma mawili, tajiri akaweka notisi ya rufaa.

Ndugu wengi hawaelewi rufaa, tena hatuwalaumu. Zamani, chini ya Sheria ya Migogoro ya Kazi, uamuzi wa Korti ya Viwanda ulikuwa wa mwisho. Siku hizi sivyo. Baada ya sheria za kazi za 2007 na Katiba ya 2010, anayeshindwa katika korti yetu ya kazi aweza kupanda mpaka Mahakama ya Rufaa. Ana siku 14 za kuweka notisi, na baada ya kuiweka ana siku 60 za kuleta kitabu chenye kumbukumbu zote za kesi. Hiyo ni haki yake, kama ilivyo haki yetu sisi tukishindwa. Hatuwezi kuipenda siku tunayoitumia na kuitukana siku tunapotumiwa.

Lakini sikieni neno hili, maana hata sisi hatukulijua: notisi ya rufaa peke yake haizuii malipo. Aliyeshinda aweza kuendelea kudai pesa zake mpaka yule mwingine apate amri ya kusimamisha utekelezaji wa hukumu. Ili kupata amri hiyo katika Mahakama ya Rufaa, lazima aonyeshe mambo mawili. La kwanza, kwamba rufaa yake ina hoja ya kusikilizwa, wala si mchezo. La pili, kwamba pesa zikilipwa sasa, naye akaja akashinda baadaye, ushindi wake utakuwa bure.

Hilo la pili ndilo linalotuumiza sisi. Wakili wa tajiri alisimama akasema kwamba hawa ni vibarua, hawana kazi, hawana mali inayojulikana. Wakilipwa leo, pesa zitarudishwa na nani kesho? Ndugu zetu walikuwa wameketi nyuma wakisikia. Mtu kakufukuza kazi, kisha asema usilipwe kwa sababu huna kazi! Hata hivyo majaji hawakumpa yote aliyotaka. Waliamuru malipo yasimame, lakini aweke nusu ya pesa, yaani Sh. 891,000, katika akaunti ya benki yenye majina ya mawakili wa pande zote mbili, pesa zikae pale zikizaa faida mpaka rufaa iamuliwe.

Baada ya hapo kimya. Mwaka wa kwanza ukapita, na wa pili. Kila mwezi mmoja wao alikuja ofisini kuuliza, na kila mwezi katibu alijibu kwamba tarehe bado. Ngoja ngoja huumiza matumbo, na matumbo yenyewe yalikuwa ya watoto. Wawili walirudi kwao Magharibi kulima mashamba ya ndugu zao. Mmoja alivuta mkokoteni. Mwingine, mtu mzima aliyekuwa amekaa gengini kuliko wote ila nyapara, alikufa kwa ugonjwa wa kifua katika mwaka wa pili. Mjane wake alikuja na cheti cha kifo ndani ya kitambaa akidhani atalipwa siku ile. Ilitubidi tumweleze kwamba hata haki ya marehemu yataka kwanza hati ya kortini ya kusimamia mali yake, na hati hiyo yataka barua ya chifu, na yote mawili yataka nauli.

Katika hali hiyo ndipo barua ya tajiri ilipokuja. Alikuwa tayari kulipa asilimia 35, Sh. 56,700 kwa kila mtu, na jambo liishe.

Hapa lazima tuseme kosa letu sisi wa tawi, maana tukificha letu hatuna haki ya kuwasema wengine. Barua ile ilikaa katika mtoto wa meza majuma matatu kabla wenye kesi hawajaambiwa. Hapakuwa na ubaya. Palikuwa na mashauriano ya viongozi, na kila mtu alingoja mwenziwe aseme. Lakini habari ilitoka kwa njia ya dirisha, na wenye kesi waliisikia penye chai kabla ya kuisikia kwetu. Uvumi wa kula kitu ulizaliwa siku zile, na sisi ndio tuliouzaa. Pesa zilizotajwa katika barua hazikuwa za chama, wala za wakili. Zilikuwa za watu kumi na mmoja, na barua iliwapasa wao siku ile ile ilipofika.

Tulipowaita hatimaye, wote walikataa asilimia 35, nasi tulifurahi kwamba walikataa. Lakini wakili wetu, ambaye ni mtu mkweli, aliwaeleza pia yale wasiyopenda kusikia. Alisema majaji wa rufaa waweza kuiacha fidia ya miezi 8, lakini waweza pia kuipunguza ikawa mitatu au minne. Alisema tajiri ana hoja moja ya kutisha kidogo, kwamba mkataba wake na watu hawa ulikuwa wa muda, na muda ulikuwa umekwisha. Yeye wakili aliiona hoja hiyo kuwa dhaifu, lakini hakuwa jaji. Kisha akasema, na tajiri naye ana hofu zake: hana karatasi hata moja ya kuonyesha kwamba aliwaita watu hawa akawasikiliza, tena riba yaongezeka kila mwezi, na nusu ya pesa zake zimefungwa benki asizoweza kuzitumia.

Basi pande zote mbili zilikuwa na hofu, na sisi twaona hapo ndipo wakati wa kuzungumza. Tajiri asiyeogopa kitu atakupa makombo. Nawe usipoona hatari yako mwenyewe utaomba mwezi.

Wale wasemao "wangengoja washinde yote" na wakumbuke habari ya walimu. Tarehe 30 Juni 2015 jaji wa korti hii hii ya kazi aliwapa walimu wa nchi hii nyongeza ya mshahara ya asilimia 50 hadi 60. Hakuna mfanyakazi ambaye hakufurahi siku ile. Mwajiri wao akakata rufaa. Septemba ukaja mgomo, watoto wakakaa nyumbani. Novemba mwaka ule ule Mahakama ya Rufaa ikaifuta hukumu yote, na asilimia zile zikabaki katika magazeti. Nyongeza waliyoipata baadaye ilipatikana mezani: Oktoba 2016 ulitiwa sahihi mkataba wa Sh. bilioni 54 kwa miaka minne, kuanzia Julai 2017. Hatusemi kwamba walimu walikosea kwenda kortini. Pengine pasipo kesi ile meza yenyewe isingewekwa. Twasema tu kwamba hukumu iliyo chini ya rufaa ni kama behewa lililosimama mlimani: lapendeza kutazama, lakini breki hazijafungwa.

Tena kupatana si jambo la aibu mbele ya sheria. Katiba yetu, katika kifungu cha 159, yaagiza korti zihimize upatanisho, usuluhishi na njia za jadi za kumaliza mambo. Tangu 2016 korti zenyewe zina mpango wa kupeleka kesi kwa wapatanishi. Shuleni misheni tulifundishwa habari ya mtu anayekwenda na mshitaki wake kwa kadhi, ya kwamba yafaa wapatane wakiwa bado njiani. Mwalimu hakutueleza ufanyeje ikiwa mshitaki wako anakwenda kwa motokaa nawe unakwenda kwa miguu. Hilo tumejifunza wenyewe: lazima umfanye asimame kwanza. Hukumu ya korti ya kazi na zile pesa zilizofungwa benki ndizo zilizomsimamisha tajiri huyu. Asiyeshitaki kwanza hana cha kupatania.

Mazungumzo yalichukua miezi miwili. Wao walitoka 35, sisi tulitoka 90. Tulipofika 75 kila mtu aliona mambo yamekwisha, na hapo ndipo karatasi ya mapatano ilipoletwa, imeandikwa kwa Kiingereza kama kawaida yao.

Tulitaka isomwe kwa Kiswahili mbele ya wote, neno kwa neno. Kiswahili ni lugha rasmi ya nchi hii kwa Katiba, na mtu haweki sahihi juu ya kitu asichokielewa. Ilipofika aya ya tatu, nyapara wa gengi, mzee aliyekuwa hajasema neno siku nzima, akainua mkono. Aya ile ilisema kwamba rufaa inakubaliwa kwa makubaliano ya pande zote, hukumu ya korti ya kazi inafutwa, na mahali pake panawekwa malipo yaliyopatanwa, pasipo tajiri kukiri kosa lolote.

Mzee akauliza, "Ikifutwa, ni nani atakayejua kwamba tulionewa?"

Wakili akamweleza kwamba pesa ni zile zile.

Mzee akasema, "Bwana wakili, mimi ndiye niliyewaambia hawa vijana warudi nyumbani. Nilitumwa mimi niwaambie. Wengine walidhani nimewauza. Jaji alipoandika kwamba kosa lilikuwa la kampuni, niliweza kupita mbele ya nyumba zao. Sasa mwataka ile karatasi ifutwe?"

Ndugu, nyumba ilinyamaza. Vijana wawili walianza kumnong'oneza akubali, maana Sh. 121,500 si mchezo kwa mtu anayevuta mkokoteni. Lakini mjane alisema yeye yuko na mzee. Kisha mwingine naye. Mwisho wakili wetu alirudi kwa wakili wa tajiri na neno moja: rufaa iondolewe, isikubaliwe. Yaani tajiri mwenyewe aivute rufaa yake, hukumu ya korti ya kazi ibaki katika kitabu kama ilivyoandikwa, na wafanyakazi wakubali kiasi kilichopatanwa kuwa malipo kamili ya hukumu ile.

Mtu asiyezoea aweza kudhani ni maneno tu. Si maneno tu. Njia ya kwanza, hukumu yafutika na mwajiri aondoka safi. Njia ya pili, hukumu yakaa, na mfanyakazi mwingine wa kandarasi aweza kuionyesha kesho mbele ya jaji na kusema, tazama, hivi ndivyo korti ilivyosema juu ya watu kama sisi. Tajiri aliijua tofauti hiyo vizuri sana. Alikataa. Akasema, kama hukumu inabaki, hatoi 75, anatoa 70.

Ilipigwa kura. Asilimia 5 kwa kila mtu ni Sh. 8,100. Kwa watu kumi na mmoja ni Sh. 89,100. Watu wasio na kazi waliziacha shilingi hizo mezani ili karatasi moja isifutwe. Vijana wale wawili walipiga kura ya kukataa kwanza, na hatuwalaumu, kisha wakakubali kufuatana na wenzao. Hao ndio watu mnaosema waliuza kesi.

Malipo yalikuwa hivi. Kila mmoja Sh. 113,400. Pesa zilizokuwa benki, Sh. 891,000, zilifunguliwa mara moja, kila mtu akapata Sh. 81,000. Faida iliyozaliwa benki waligawana wao, tajiri hakuigusa. Zilizobaki, Sh. 32,400 kwa kila mtu, zililipwa kwa miezi mitatu, Sh. 10,800 kila mwezi. Gharama za kesi zililipwa na tajiri. Kila mmoja alipewa cheti cha kazi, kitu ambacho sheria yampa kila mfanyakazi lakini hawa walikuwa wamenyimwa. Fungu la marehemu lilikaa kwa wakili mpaka hati ya mjane ilipotoka, na likalipwa lote.

Tuliandika pia kwamba tajiri akikosa awamu moja, siku 14 zikipita, mapatano yanakufa na hukumu ya kwanza yote inaamka pamoja na riba, ikitolewa tu kile alichokwisha kulipa. Pasipo neno hilo mapatano hayana meno. Mtu akuahidi 70, akupe 20, kisha uanze kumfuata tena miaka mingine miwili? Awamu ya pili ilichelewa siku tisa. Wakili aliandika barua yenye mistari mitatu, na siku ya kumi na mbili pesa zilikuwa zimeingia.

Na yote hayo yaliwekwa mbele ya Mahakama ya Rufaa, mawakili wote wawili wametia sahihi, yakawa amri ya korti. Twasisitiza hilo kwa sababu ya habari nyingine tuliyoiona kwa macho yetu. Mzee mmoja, mlinzi wa ghala, alikuwa ameshinda kesi yake kama hawa. Rufaa ikiwa bado, usiku mmoja alifuatwa nyumbani na mtu wa kampuni mwenye bahasha ya Sh. 40,000. Aliambiwa ni msaada wa karo, atie sahihi tu kwamba amepokea. Karatasi ilikuwa ya Kiingereza. Ilisema amepokea malipo yake yote na hana dai tena. Hakumwambia wakili wala chama, kwa aibu ya kuchukua pesa usiku. Alipojua, ilikuwa kazi kubwa kuieleza korti.

Maana mapatano yakishakuwa amri ya korti, hayafunguki kwa sababu mtu amejuta. Neno hili ni la zamani katika nchi zetu; Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki ililisema mwaka 1952 katika kesi ya Hirani na Kassam, na korti zetu zalifuata hata leo. Amri ya makubaliano huvunjwa kwa hila, au kwa njama, au ikiwa yapingana na utaratibu wa sheria, au ikiwa mtu alikubali pasipo kujua mambo makubwa yaliyompasa kuyajua. Haivunjwi kwa kuwa jirani amekuambia ungeweza kupata zaidi.

Sasa, tusieleweke vibaya. Hatusemi kila kesi ipatanwe. Ziko kesi ambazo mtu mmoja au kumi hawana ruhusa ya kuziachia. Ikiwa shauri ni juu ya mkataba wa pamoja, basi kila neno lake limo katika barua ya kazi ya kila mmoja anayehusika, kama isemavyo Sheria ya Mahusiano ya Kazi ya 2007. Mkipatana kwamba kifungu cha saa za ziada hakina maana, mmewaachia tajiri saa za watu ambao hawakuwa kortini, pamoja na wale wa zamu ya usiku waliolala wakati mkitia sahihi. Shauri la namna hiyo liende mpaka mwisho, hata likishindwa, au lirudishwe kwa wanachama wote waseme. Vivyo hivyo kesi ya kutambuliwa kwa chama. Haki ya kuwa na chama haina asilimia 70.

Lakini fidia ya mtu ni yake. Mwenye njaa leo asilazimishwe kuwa shujaa kwa tumbo lake ili sisi tulioajiriwa tupate kuimba. Tumewasikia wenye mishahara wakisema kwa sauti kubwa wasingekubali pungufu ya senti moja. Ni rahisi kusema hivyo tarehe mosi.

Kwa hiyo twaleta hoja hii katika mkutano wa tawi, na twaomba katibu aiandike katika orodha ya mazungumzo. Barua yoyote ya kutaka kupatana ikifika ofisini, wenye kesi waitwe ndani ya siku saba. Isomwe kwa Kiswahili. Kura ipigwe na wenye kesi wenyewe, kiongozi asipige. Hesabu ya mwisho ibandikwe ubaoni, pamoja na kile alicholipwa wakili, ili anayetaka kusema chama kilikula kitu asimame mbele ya ubao na aonyeshe kidole.

Yule nyapara atakuwapo mkutanoni. Ameomba apewe dakika chache, na nakala ya hukumu anayo mfukoni.